Pasipotazamwa: Kuisafiri London kwa Macho ya Patrick Keiller

Anayefika London kwa mara ya kwanza huwa anaijua kabla hajashuka kwenye treni. Daraja la Tower, saa ya Bunge, mabasi mekundu, gurudumu kubwa la kando ya Mto Thames: vyote ameshaviona kwenye kalenda, kwenye televisheni na kwenye simu za jamaa waliotangulia. Safari yangu ilipita pembeni mwa vitu hivyo. Ramani yangu ilikuwa filamu iitwayo London, ambayo Patrick Keiller aliipiga katika mwaka wa 1992 na ikatoka 1994. Keiller alizaliwa Blackpool mwaka 1950, akasomea usanifu wa majengo na kuifanya kazi hiyo kabla hajageukia sanaa. Katika filamu yake hakuna mwigizaji anayeonekana, na kamera haisogei. Sauti ya Paul Scofield inasimulia matembezi ya watu wawili tusiowaona, yaani msimulizi mwenyewe na rafiki yake Robinson, mwalimu wa chuo anayeishi Vauxhall. Sauti ikiendelea, sisi tunatazama kuta, vituo vya mabasi, maji ya mto, bustani za mitaani, masoko na barabara. Wapo wanaoiona kuwa ni filamu ya mpweke anayeuombolezea mji. Mimi naisoma kama faili la ushahidi. Naamini kwamba sehemu za mji zisizotazamwa ndizo zinazoondolewa kwa wepesi kuliko zote, na kwamba msanii anayeweka kamera mbele ya sehemu hizo kwa utulivu huwafanyia wakazi kazi ambayo hawafanyiwi na halmashauri, wala magazeti, wala makampuni ya ujenzi.

Nilianzia Vauxhall kwa sababu ndiko anakokaa Robinson. Reli hapo imepanda juu ya matao ya matofali, na chini yake magari yanazunguka makutano mapana ambayo mwenda kwa miguu huyavuka kwa awamu, taa baada ya taa. Ukifuata mto kuelekea magharibi unaingia Nine Elms. Kabla hajaanza kutengeneza filamu, Keiller alikuwa na mazoea ya kutafuta na kupiga picha majengo ambayo hakuna msanifu anayejivunia kuyachora. Miongoni mwa picha zake za mwishoni mwa miaka ya 1970 umo mtambo wa kumiminia makaa ya mawe katika barabara ya Nine Elms Lane. Wakati ule hili lilikuwa eneo la reli, maghala na soko la jumla la matunda, mboga na maua, lililohamishwa kutoka Covent Garden mwaka 1974. Jirani yake, kituo cha umeme cha Battersea kilikuwa kikielekea mwisho wa kazi yake, nacho kilizimwa 1983. Leo ubalozi wa Marekani, uliofunguliwa 2018, umesimama hapo na kuta zake za kioo, umezungukwa na maghorofa mapya. Treni ya chini ya ardhi ilifika 2021, na mwaka uliofuata kituo cha umeme kilifunguliwa upya kikiwa maduka, ofisi na nyumba za kuishi. Silaumu kila kilichojengwa, na soko la jumla bado lipo na bado linailisha London. Lakini anayetembea Nine Elms leo hawezi kutambua kwa macho yake kwamba nyumba za mji huu zilipata joto lake kwa makaa yaliyopita hapa. Picha ya ule mtambo inajibu swali ambalo ardhi yenyewe haiwezi tena kulijibu: hapa palikuwa na kazi gani, na kazi hiyo ilimhudumia nani.

Kutoka hapo ni mwendo mfupi wa basi hadi Elephant and Castle, na hapa ndipo hoja yangu inapokutana na pingamizi zito. Mtu atasema: mbona sehemu za namna hii hupigwa picha kila siku? Ni kweli. Mtaa wa Heygate, nyumba za halmashauri zipatazo 1,200 zilizokamilika 1974, ulipigwa picha mara nyingi sana katika miaka yake ya mwisho. Filamu ya Harry Brown ya 2009, ambayo ndani yake Michael Caine ni mzee anayepambana na vijana wahalifu, ilipigwa hapo, na Attack the Block ya 2011 ilitumia majengo hayohayo. Katika mtaa jirani wa Aylesbury, kituo kimoja cha televisheni kilipiga tangazo fupi la kujitambulisha, na watengenezaji wakaongeza kamba za nguo na mifuko ya taka ili pafanane na picha waliyokuwa nayo kichwani. Watazamaji waliiona kwa miaka taka ambayo wakazi hawakuitupa. Kwa hiyo kutotazamwa hakumaanishi kukosa kamera. Mahali panaweza kuwa na kamera kila wiki na pasitazamwe, kwa sababu kamera imekuja na hadithi yake tayari na inatafuta ukuta wa kuiegemeza. Heygate ilibomolewa kati ya 2011 na 2014, na katika maelfu ya nyumba zilizopangwa kuchukua nafasi yake, zile za kodi nafuu ya halmashauri hazikufika mia moja. Sidai kwamba filamu za uhalifu ndizo zilizoubomoa mtaa ule. Nadai kwamba uamuzi wa kuubomoa ulipata umma uliokwisha kufundishwa kuuogopa, na umma wenye hofu hauulizi waliokuwa wakiishi humo wamekwenda wapi.

Tofauti ya Keiller iko katika namna ya kutazama. Anaisimamisha kamera, anaiacha picha ikae mpaka jicho limalize kusoma vibao, nyufa, nguo zilizoanikwa na hali ya anga, kisha anaendelea. Haongezi kitu. Maana anaiachia sauti, na sauti hiyo kila mara hupanda kutoka kwenye kituo cha basi kwenda kwa aliyeamua hali ya kituo hicho. Mwaka alioupiga ulikuwa na mengi ya kumsaidia. Tarehe 9 Aprili 1992 chama cha Conservative, chini ya John Major, kilishinda uchaguzi ambao wengi walidhani kingeshindwa. Usiku wa kesho yake bomu la IRA lililipuka mbele ya jengo la Baltic Exchange katika mtaa wa St Mary Axe, likaua watu 3 na kuvunja madirisha ya sehemu kubwa ya mtaa wa mabenki. Tarehe 16 Septemba pauni ilianguka na Uingereza ikajitoa katika mfumo uliozifunga pamoja sarafu za Ulaya. Mwezi uliofuata serikali ilitangaza kufunga migodi 31 ya makaa ya mawe, na umati ukaandamana London. Vyombo vya habari viliyaonyesha mambo hayo kupitia nyuso za mawaziri. Keiller aliyaonyesha kupitia barabara zilizofungwa, vioo vilivyofagiliwa na watu waliosimama kando wakitazama. Ukisimama leo St Mary Axe, palipokuwa na Baltic Exchange pana mnara wa kioo wenye umbo la tango, unaopigwa picha na watalii bila kukoma. Anayetaka kujua kwa nini kiwanja kikubwa hivyo kilipatikana katikati ya mtaa uliojaa mawe ya kale, filamu ile itamwonyesha.

Mambo hayo hayakuwekwa pamoja ovyo. Mwaka 1986 serikali ya Margaret Thatcher ililifuta Baraza la London Kuu, na kwa miaka 14, mpaka meya alipochaguliwa mwaka 2000, mji wa watu karibu milioni 7 haukuwa na chombo kimoja cha kuchaguliwa cha kuuendesha wote. Robinson analiona pengo hilo kila anakopita: kwenye usafiri, kwenye mto uliogeuziwa mgongo, kwenye viwanja vya umma ambavyo hakuna anayevidai. Mwandishi wa kisiasa angelieleza pengo hilo kwa takwimu, na ningemsoma kwa shukrani. Lakini takwimu hazikuonyeshi benchi lililovunjika likiwa limekaa hivyo msimu mzima. Mfululizo wa picha tulivu, zilizopigwa mwaka mmoja katika mji mmoja na zenye tarehe zake, unakuonyesha.

Dalston, kaskazini mashariki, pana soko la Ridley Road, ambalo Keiller alilipiga na ambalo bado linauza samaki, vitambaa, ndizi za kupika na viazi vikuu kwa watu wa asili za Karibi, Afrika Magharibi na Uturuki. Wanaoiona filamu kuwa inachosha watauliza kuna faida gani kulitazama soko ambalo hakuna kinachotokea ndani yake. Jibu langu ni kwamba sokoni kunatokea mengi, ila hakuna anayeyatenda kwa ajili ya mtazamaji. Kuna msanii mwingine wa London aliyelifahamu jambo hili kabla ya Keiller. John Smith alitengeneza mwaka 1976 filamu ya dakika 12 iitwayo The Girl Chewing Gum. Inaonyesha kona ya barabara hapahapa Dalston, na sauti inasikika ikitoa amri kama mwongozaji: mzee avuke, gari lipite, msichana aingie akitafuna ubani. Baada ya muda mtazamaji anatambua kwamba hakuna aliyeamriwa. Watu walikuwa wakienda zao, na sauti imebandikwa baadaye ikijidai kuwatawala. Nilisimama kwenye kona za Dalston nikiikumbuka sauti hiyo kila nilipopita mbele ya mabango ya miradi ya ujenzi, kwa sababu mabango yale husema kwa lugha ileile. Hutangaza kwamba mtaa sasa utapata uhai, ilhali uhai umo humo na unapita mbele ya bango ukiwa na mifuko ya mihogo.

Ushahidi mkubwa kuliko wote niliukuta Bonde la Lea, upande wa mashariki. Treni ya juu kutoka Dalston Kingsland inapita Hackney Wick na kuishia Stratford, na dirishani unauona uwanja wa Olimpiki ya 2012, bustani, mifereji iliyosafishwa na maghorofa. Tarehe 6 Julai 2005 London ilipopewa michezo hiyo, bonde hili lilielezwa tena na tena kuwa ardhi iliyokufa, ya majokofu mabovu na udongo wenye sumu. Udongo ulikuwa na sumu kweli, na kuusafisha ilikuwa kazi ya maana. Lakini mwaka uleule mwongozaji Paul Kelly, pamoja na bendi ya Saint Etienne, alilipiga bonde hilo katika filamu iitwayo What Have You Done Today, Mervyn Day?, inayomfuata kijana anayegawa magazeti kwa baiskeli. Ndani yake mna viwanda vidogo vinavyofanya kazi, mabanda ya bustani za mboga, mifereji, na sauti za watu walioishi na kufanya kazi huko wakikumbuka vilivyotengenezwa bondeni. Wakazi wa nyumba za ushirika za Clays Lane, zaidi ya watu 400, waliondolewa 2007. Mwaka huohuo wakulima wa bustani za Manor Garden, zilizokuwa zimelimwa kwa takribani karne moja, walihamishwa na matrekta yakapita. Anayesema kwamba palikuwa patupu sasa ana filamu ya kujibu. Filamu hiyo haikuzuia chochote, nami siipimi kwa kipimo hicho. Naipima kwa kuuliza kama mjukuu wa mkulima wa Manor Garden anaweza kuthibitisha kwamba babu yake alikuwa na shamba mahali ambapo leo pamemwagwa lami, na anaweza.

Leytonstone, vituo vichache mbele kwenye njia ya Central, hoja hiyo ina sauti ya watu wenyewe. Barabara ya kuunganisha M11 ilikata mtaa huo katika miaka ya 1990 na kubomoa mamia ya nyumba, na upinzani wa wakazi na wanaharakati wa Claremont Road ulidumu hadi mwishoni mwa 1994. John Smith, aliyekuwa mkazi wa eneo hilo, alitengeneza Blight, iliyotoka 1996, pamoja na mtunzi wa muziki Jocelyn Pook. Ni kuta zinazoanguka, karatasi za ukutani za vyumba vilivyofunuliwa, na maneno ya majirani yaliyokatwa na kurudiwarudiwa mpaka yakawa wimbo. Barabara ilifunguliwa 1999. Ukiitazama leo kutoka darajani ni handaki la magari, na hakuna kinachokuambia kwamba vyumba vya kulala vya watu vilikuwa hapo.

Lipo pingamizi la tatu, na hili huwa linasemwa na watu ninaowaheshimu. Wanasema msanii wa namna hii ni mpita njia aliyeshiba. Hupendezwa na kutu na matofali yaliyopasuka, hupata sifa kwenye majumba ya sanaa, huku anayeishi nyuma ya matofali hayo akitaka tu bomba lisivuje. Wanaongeza kwamba sanaa ikishapafanya mahali papendeze, pesa hufuata na kodi hupanda, kama ilivyotokea Hackney Wick baada ya wasanii kujaa kwenye maghala yake. Sehemu ya lawama hiyo nakubaliana nayo. Zipo picha za magofu ambazo hazina mtu wala swali, na hizo haziwafai wakazi kwa lolote. Lakini wasanii wa Hackney Wick walipandisha kodi kwa kuhamia huko, na kamera ya Keiller haikuhamia popote. Wala hapendezwi na ubovu. Mwaka 2000 alitengeneza The Dilapidated Dwelling, ambayo Tilda Swinton anaisimulia, akiuliza kwa nini nchi iliyoweza kuuboresha upesi utengenezaji wa magari na kompyuta imeshindwa kuwajengea watu wake nyumba nzuri za bei nafuu. Hilo ni swali la mwenye bomba linalovuja. Kuhusu John Smith lawama haishiki kabisa, maana aliyoyapiga ni maisha ya mtaa wake mwenyewe.

Na wengine watasema siku za msanii huyu zimepita, kwa kuwa simu iko kila mfukoni na ramani za intaneti zimepiga kila mtaa. Wingi huo ni wa kweli, lakini una matundu yaleyale. Simu huelekezwa kwenye nyuso, vyakula na magomvi. Gari la ramani hupita kwa haraka, halijui kilichoamuliwa kuhusu mtaa huo, na picha zake ni mali ya kampuni inayoweza kuziondoa siku yoyote. Tunachokikosa ni mtu aliyechagua kusimama mahali fulani kwa sababu anayo hoja, akarudi hapo majira yalipobadilika, kisha akaiweka kazi yake pahali pa umma ambapo wengine wataipata.

Nilimalizia safari kaskazini magharibi, Stonebridge Park, kwenye makutano ya North Circular, barabara pana inayouzunguka mji kwa upande wa kaskazini. Ilikuwa hapo, kwenye madaraja ya waenda kwa miguu, ambapo Keiller alipiga filamu yake fupi ya 1981 inayobeba jina la mahali hapo, kamera ikitembea juu ya magari huku sauti ikisimulia mawazo ya mtu aliyetenda uhalifu. Kwa msomaji wa Kiswahili makutano haya yana jambo la ziada. Kilomita chache tu kutoka hapo, Wembley, Harrow na Neasden, ndiko walikokaa maelfu ya Waasia walioondoka Kenya mwishoni mwa miaka ya 1960 na waliofukuzwa Uganda na Idi Amin mwaka 1972. Hekalu kubwa la Kihindu la Neasden, lililofunguliwa 1995, lilijengwa na jumuiya ambayo wengi wao walipitia Afrika Mashariki, na mikahawa ya Wembley bado inauza mihogo ya kukaanga, ikiiita mogo. Watu hao walishuka London wakaishi kando ya barabara kama hii, katika vitongoji ambavyo kalenda ya watalii haitavichapa kamwe. Miaka yao ya kwanza, maduka yao ya kwanza na vituo vyao vya basi ni sehemu ya historia yetu pia, na kumbukumbu kubwa ya hayo imebaki kwenye picha za harusi na midomoni mwa wazee.

Kwa hiyo nina ombi kwa msomaji aliye Wembley, Dar es Salaam, Nairobi au Bujumbura. Chagua mahali pamoja katika mji wako ambapo mabango yameanza kusema patajengwa: stendi, soko la jioni, safu ya mafundi, uwanja wa mchanga. Egemeza simu yako juu ya kitu kisichotikisika, usiseme neno, iache ipige dakika nzima, na urudi mahali hapohapo baada ya mvua na baada ya kiangazi. Andika tarehe na jina ambalo wakazi wenyewe wanapaita, kisha weka nakala maktabani au kwa watu wawili unaowaamini. Anza kabla ya uzio wa mabati kusimamishwa, kwa sababu ukishasimama hutaruhusiwa kuingia.